Allidina Visram, mtoto wa jahazi aliyefungua maduka kando ya reli

Karibu kila nyumba katika makazi yetu imekwisha kutumia kitu kilichopita Kikuubo. Sabuni, chumvi, mafuta ya kupikia, madaftari ya watoto, biskuti za sherehe ya ubatizo. Wenye maduka wa hapa kwetu hupanda basi usiku, wakafika Kampala alfajiri, wakashuka upande wa Nakivubo na kuingia katika ule uchochoro ambao jina lake kwa Kiganda ni njia nyembamba tu. Nyembamba kweli. Wabebaji wanapita na makatoni kichwani wakiomba njia, na ukizubaa unasukumwa. Humo bidhaa zinauzwa kwa jumla, na kutoka humo zinakwenda mpaka mipaka ya Kongo na Sudan Kusini.

Mama mmoja mwenye kibanda karibu na kisima alitulalamikia kwamba huko Kikuubo wenzake Waganda wanapewa mzigo kwa mali kauli, wanalipa wakishauza, lakini yeye anadaiwa fedha taslimu hadi shilingi ya mwisho, kwa sababu hakuna anayemjua wala kumdhamini. Akauliza kama ilikuwa hivyo tangu mwanzo. Tulipolitafakari swali lake tukaona tumjibu kwa maisha ya mtu mmoja. Hakuwa Mkristo. Alikuwa Mwislamu wa madhehebu ya Ismailia, mfuasi wa Aga Khan, na hatutamgeuza kuwa kitu kingine. Ila historia ya duka katika Uganda haiwezi kusimuliwa bila yeye.

Allidina Visram alizaliwa mwaka 1851 katika kijiji cha Kera, nchi ya Kutch, magharibi mwa India. Kutch ni nchi kavu, mvua zake si za kutegemea, na vijana wake walizoea kufuata upepo wa kaskazi mpaka Zanzibar na pwani yake. Naye alipanda jahazi akiwa na miaka 12 hivi, mwaka 1863. Wazazi wanaosoma hapa watuelewe: huyu alikuwa mtoto wa rika la watoto wetu wa darasa la sita, hana mali, yuko ng'ambo ya bahari.

Alifikia Bagamoyo, akapata kazi kwa tajiri wa kabila lake, Sewa Haji Paroo. Nyumba ya Sewa Haji ilikuwa ikiandaa misafara ya kwenda bara. Iliwapatia wasafiri na wafanyabiashara vitambaa, shanga, waya wa shaba na wapagazi, na misafara iliporudi ilinunua pembe za ndovu. Watu wa Dar es Salaam wanalijua jina la Sewa Haji mpaka leo kwa sababu ya jengo la wodi katika hospitali ya Muhimbili. Huko ndiko Allidina alikojifunza kazi. Alijua mpagazi anabeba kiasi gani, karibu kilo 30, na kwamba safari ya kutoka pwani mpaka Buganda ilikula miezi mitatu au zaidi. Alijua pia kwamba mfanyabiashara wa pwani hamwoni mteja wake wa bara. Anatoa mali, anaipeleka na mtu, halafu anakaa mwaka mzima akingoja. Asiyeweza kumwamini mtu hakuweza kuifanya kazi hiyo hata siku moja.

Lazima tuseme na upande mwingine. Biashara ya pembe za ndovu ya miaka ile haikuwa safi. Njia zilezile zilipitisha watumwa, na wazee wetu wa Maniema na Tanganyika waliachiwa kumbukumbu chungu za misafara hiyo. Hatumwandiki Allidina kama malaika.

Alianza kufungua matawi yake mwenyewe katika nchi iliyokuwa ya Wajerumani, na njia yake ilifika Ujiji, kwenye ziwa Tanganyika, ng'ambo ya Uvira na Kalemie. Sewa Haji alipofariki mwaka 1897, Allidina alikuwa na miaka 46 na alikuwa tayari miongoni mwa wafanyabiashara wakubwa wa pwani. Wakati huohuo jambo jipya lilikuwa limeanza Mombasa.

Waingereza walianza kulaza reli pale Mombasa mwaka 1896. Walileta vibarua na mafundi karibu 32,000 kutoka India. Karibu 2,500 walikufa kwa magonjwa na ajali, yaani wanne kwa kila maili moja ya reli, bila kusahau Tsavo, ambako mwaka 1898 simba wawili waliwala watu na kazi ikasimama. Waafrika waliofia kwenye reli hiyo hawakuhesabiwa kwa uangalifu kama huo. Reli ikafika Nairobi mwaka 1899, na Desemba 1901 ikafika Kisumu, mji uliokuwa ukiitwa Port Florence. Iliitwa Reli ya Uganda, na wengi hushangaa, maana Kisumu ni Kenya. Lakini wakati huo upande ule wa ziwa ulihesabiwa kuwa Uganda, na ulihamishwa mwaka 1902. Kampala yenyewe ilisubiri treni ya moja kwa moja kutoka Mombasa mpaka mwaka 1931.

Watu wengi hudhani Wahindi wenye maduka wa Afrika Mashariki ni watoto wa wale vibarua wa reli. Sivyo. Vibarua wengi walirudi kwao mikataba ilipokwisha, na waliobaki hawakufika 7,000. Wenye maduka wengi walikuja kwa nauli zao, na wengi wao walikuja wakiitwa na mtu kama Allidina.

Alivyofanya yeye ni hivi. Reli ilipokuwa inasonga mbele, duka lake lilisonga nalo. Kila kambi ya wajenzi ilikuwa na watu wanaohitaji mchele, unga, dengu, samli na nguo, na yeye aliwauzia. Kambi ilipohama, duka lilibaki, na mahali pale pakawa kituo na baadaye mji. Uganda hakuingoja reli. Duka lake la Kampala lilifunguliwa kabla treni haijafika ziwani, wakati bidhaa zake bado zinakuja kwa vichwa vya wapagazi. Yakafuata Entebbe, Jinja, Hoima, Masindi na Toro, kisha kaskazini mpaka Nimule na Gondokoro kwenye mto Nile, na magharibi kuelekea Kongo. Kabla ya Vita Kuu ya Kwanza matawi yake yalikuwa yamepita 30. Ziwani alikuwa na majahazi yake mwenyewe.

Hapa ndipo jibu la yule mama linapoanza. Mwaka 1900, Mkataba wa Buganda uliweka kodi ya rupia tatu kwa kila nyumba kwa mwaka. Mkulima wa Singo au Bulemezi angeitoa wapi rupia? Fedha yake ilikuwa simbi, zile kauri za baharini, na ndiyo sababu mpaka leo Mganda huita fedha ensimbi. Allidina alikubali kupokea mazao. Mkulima alileta pilipili, karanga, simsim au ngozi, akapata kitambaa na chumvi, na akapata rupia za kumpa mtoza kodi. Bei aliipanga mwenye duka, na hatusemi kwamba mkulima hakupunjwa. Ila kabla ya hapo mazao hayo hayakuwa na mnunuzi kabisa.

Tena wenye matawi walikuwa vijana waliotoka India mikono mitupu. Aliwaleta, akawapa mzigo kwa mali kauli, akawapeleka sehemu ambazo hazikuwa na benki, polisi wala mahakama ya kudai deni. Kijana alikaa peke yake kijijini mwaka au miwili, akajifunza lugha ya wenyeji, akalala juu ya mifuko ya karanga. Waliofaulu walimlipa, wakaanzisha maduka yao. Walioshindwa walimwachia hasara. Hata maofisa wa serikali na wamisionari walitegemea maduka hayo kwa mahitaji yao, na hundi ya Allidina ilipokelewa mahali ambapo noti hazijaonekana. Frederick Jackson, aliyekuwa Gavana wa Uganda kuanzia mwaka 1911, alimsifu katika kumbukumbu zake.

Pamba ilipokuja, aliingia kwenye pamba. Tukumbuke kwamba mbegu zililetwa mwaka 1903 na Kristen Borup, fundi aliyekuwa mmisionari wa CMS, kupitia Uganda Company iliyozaliwa kutokana na kazi za mikono za misheni. Basi kanisa lilipanda, na Wahindi wakawa wachambuaji wakubwa. Allidina alijenga vinu vya kuchambua pamba, akawa pia na viwanda vya soda na vya mbao. Mwaka 1912 reli fupi ya Busoga ilifunguliwa kutoka Jinja hadi Namasagali, kuizunguka ile sehemu ya Nile yenye maporomoko, na pamba ya Busoga ikapata njia. Faida ilikuwa kubwa, lakini Mwafrika aliyelima aliishia kwenye mizani ya kupimia. Kinu hakuwa nacho. Ugomvi uliotokana na jambo hilo uliendelea mpaka miaka ya 1940.

Mwaka 1916, akiwa na miaka 65, alisafiri kwenda Kongo kwa shughuli za biashara. Kulikuwa na vita, na njia zilikuwa ngumu. Alirudi na homa, akafa mwezi Juni mwaka huohuo. Wenye asili ya Kongo kati yetu wanaijua homa hiyo ya njiani.

Biashara ilikwenda kwa mwanawe, Abdulrasul. Huyu alijenga Mombasa shule ya sekondari kwa jina la baba yake, Allidina Visram High School, na shule hiyo ipo mpaka sasa, inasomesha watoto wa kila dini. Lakini Abdulrasul naye akafa mwaka 1923, na katika muda mfupi nyumba yote ya biashara ikavunjika. Madeni yalikuwa yametapakaa kutoka pwani hadi Kongo, na mengi yalisimama juu ya neno la mzee aliyemjua kila mdaiwa kwa uso. Mzee hayupo, na mtoto naye hayupo, nani atakumbuka nani anadaiwa nini? Vinu na majengo vilikwenda kwa wengine. Baadhi ya waliokuwa vijana wake waliendelea vizuri, kila mtu na duka lake.

Kisha ikaja Agosti 1972. Idi Amin aliwapa Waasia siku 90 kuondoka Uganda. Watu makumi ya maelfu waliondoka na masanduku machache, baadhi yao wajukuu wa wale vijana waliolala juu ya mifuko ya karanga. Wengine walipelekwa kambini Uingereza, wakapangwa foleni ya blanketi na chakula. Hali hiyo hatuhitaji kuwaeleza wasomaji wetu. Maduka ya Kampala yaligawiwa watu wengine, na rafu nyingi zikakauka. Biashara ya jumla ilirudi polepole kwa mikono mipya, na uchochoro wa Kikuubo ukawa kitovu chake.

Mama yule tulimsomea habari hizi kabla ya kuzichapisha. Akasema Allidina alipofika Bagamoyo alimkuta angalau mtu wa kabila lake. Ni kweli, hatukuweza kumpinga. Akaongeza kwamba wao wenye vibanda watatu wamekubaliana kununua pamoja kwa jina moja, katoni zilezile, kutoka kwa mwuzaji yuleyule, ili mwuzaji awazoee nyuso. Safari yao ya tatu ni Jumatatu ijayo, kwa basi la usiku.