Jacques Cousteau: Jicho la Kamera Vilindini

Jacques-Yves Cousteau alizaliwa tarehe 11 Juni 1910 katika mji mdogo wa Saint-André-de-Cubzac, Ufaransa. Azma yake ilikuwa kuwa rubani katika jeshi la wanamaji. Ajali haina kinga. Mwaka 1936 alivunjika mikono katika ajali ya gari, na ndoto hiyo ikazimika. Akawa anaogelea pwani ya Toulon ili mikono ipate nguvu, na ni huko ambako afisa mwenzake, Philippe Tailliez, alimpa miwani ya majini. Tangu alipotumbukiza uso na kuyaona yaliyomo, hakuipa bahari kisogo tena.

Kuona pekee hakukumtosha. Alitaka walio nchi kavu nao waone. Mwaka 1942, vita vikiendelea na mikanda ya filamu ikiwa adimu kama maziwa ya kuku, yeye na mkewe Simone waliunganisha gizani mikanda mifupi ya kamera ya kawaida hadi ikatosha kupigia filamu yake ya kwanza ya chini ya maji. Wazamiaji wake walibana pumzi tu. Mwaka uliofuata, pamoja na mhandisi Émile Gagnan, aligeuza vali ya magari yaliyoendeshwa kwa gesi ikawa ya kumpa mzamiaji hewa ya mtungi kila avutapo pumzi. Sasa mpigapicha aliweza kutulia akamngoja samaki.

Mwaka 1950 alipata meli ya Calypso, iliyowahi kutumika kuondoa mabomu baharini. Ndiyo iliyombeba hadi Bahari ya Shamu na Bahari ya Hindi alipotengeneza, pamoja na kijana Louis Malle, filamu ya Le Monde du silence, yaani ulimwengu wa kimya. Mwaka 1956 ilishinda tuzo kuu ya Cannes, na baadaye Oscar.

Mtazamaji humkumbuka yule chewa wa kisiwa cha Assumption, Shelisheli, aliyewazoea wazamiaji akawafuata kama mbwa. Lakini filamu hiyohiyo yaonyesha baruti ikilipuliwa penye matumbawe ili samaki wahesabiwe; uharibifu ambao wavuvi wa pwani yetu hulaumiwa nao. Nyangumi mchanga anajeruhiwa na rafadha ya Calypso, na papa wanapomjia, mabaharia wanawavuta sitahani na kuwaua kwa hasira. Hakuna aliyeyaficha hayo. Ni dhahiri kwamba wakati huo hayakuonekana kuwa aibu.

Badiliko lilikuja polepole. Mwaka 1960 Cousteau alipinga hadharani mpango wa kutupa taka za nyuklia katika Mediterania. Kuanzia 1968, vipindi vyake vya televisheni vilizidi kuzungumzia bahari inayokufa, na mwaka 1973 akaanzisha chama cha kuitetea. Huzuni haikumwacha: mwanawe Philippe, mpigapicha na mrithi wake, alifariki katika ajali ya ndege nchini Ureno mwaka 1979.

Januari 1996 Calypso iligongwa ikazama bandarini Singapore. Iliopolewa, ila mwenyewe hakusafiri nayo tena. Alifariki Paris tarehe 25 Juni 1997, akazikwa alikozaliwa.