Padri Alexis Kagame na swali la akili ya mtu

Katika familia zetu hapa Nengo wapo ambao vita viliwaacha hawalali, wanashtuka ovyo, wanasahau. Mmoja husema ni ubongo tu, mwingine ni roho tu. Padri Alexis Kagame hakuandika juu ya ugonjwa huo, lakini alishughulika miaka mingi na swali lililo chini yake: je, akili ya mtu ni kitu kama vitu vingine?

Alizaliwa Rwanda mwaka 1912, katika ukoo wa abiru, watunza siri za mfalme. Alipata upadri mwaka 1941, akaongoza gazeti la Kinyamateka, akakusanya historia na mashairi ya ikulu. Mwaka 1952 kitabu chake juu ya utawala wa kale kiliwachukiza Wabelgiji, naye akapelekwa Roma. Huko, mbali na kwao, ndiko alikotayarisha kazi yake kubwa, iliyochapishwa mwaka 1956.

Hakuingia maabara, alisikiliza lugha. Kinyarwanda hutenganisha umuntu na ikintu, kama sisi tusemavyo mtu na kitu. Jiwe, mti, hata ng'ombe, wote ni ikintu. Ng'ombe anaona na kusikia, lakini hana akili. Uhai wake, alieleza Kagame, ni muungano wa mwili na kivuli. Akifa, kivuli hutoweka. Mtu anacho kivuli hicho, lakini ana pia akili, nayo haizimiki. Ndiyo maana marehemu, umuzimu, bado huhesabiwa upande wa watu. Na moyo, umutima, hukusanya yote ya ndani, mtu akawa huyu na si mwingine.

Paulin Hountondji wa Benin aliwapinga wanafalsafa wa namna hii. Nadhani alikuwa na haki kwa sehemu: lugha huonyesha tunavyofikiri, haithibitishi akili imeumbwaje. Pigo la kichwa laweza kufuta kumbukumbu, na dawa yaweza kurudisha usingizi. Kwa hiyo mgonjwa apelekwe kwa daktari, asifungiwe ndani akiombewa tu. Ila hakuna kipimo cha ubongo ambacho kimeeleza bado jinsi umeme mdogo wa kichwani unavyokuwa huzuni ya mama kwa mtoto wake aliyepotea njiani.

Kagame aliendelea na swali lake hadi uzeeni. Mwaka 1976 alitoa kitabu kingine, akilinganisha lugha nyingi za Kibantu. Alifia Nairobi, Desemba 1981.