George Smith na Kigae cha Gharika

Habari za gharika twazijua tangu utoto, nasi twawafundisha wanafunzi wa ubatizo habari zile zile. Mtume Petro aliyalinganisha maji yale na maji ya ubatizo. Augustino aliiona safina kuwa mfano wa Kanisa, na mti wake kuwa mfano wa msalaba. Naye Martin Luther, alipoutengeneza utaratibu wa ubatizo kwa Kijerumani mwaka 1523, aliweka ndani yake sala imtajayo Nuhu na nyumba yake waliookolewa. Hivyo ndivyo Kanisa lilivyoisoma habari hiyo. Swali jingine nalo liliulizwa, yaani kama mataifa yasiyo Israeli walikuwa na habari kama hiyo. Maana Wayunani walisimulia juu ya Deukalioni, naye Beroso, kuhani wa Babeli, aliandika habari ya mtu aliyeokoka katika chombo, ambayo Eusebio alituhifadhia. Lakini Beroso aliishi katika karne ya tatu kabla ya Kristo, wala hapakuwa na andiko la kale kuliko lake la kumshuhudia. Aliyelipata alikuwa fundi mchoraji wa London, ambaye hakusoma katika chuo kikuu chochote.

George Smith alizaliwa Chelsea, katika London, tarehe 26 Machi 1840, katika nyumba ya watu wa kazi za mikono. Alipokuwa na miaka 14 aliwekwa kuwa mwanagenzi katika kiwanda cha wachapaji, ajifunze kuchora mabamba ya kuchapia noti za fedha. Kazi hiyo yataka jicho kali na mkono mtulivu, nasi twadhani ndiyo iliyomfundisha kuona yale ambayo wenye elimu nyingi waliyapita. Kila siku, saa ya chakula cha mchana, aliacha kiwanda akaenda kwenye Makumbusho ya Kiingereza kuvitazama vibao vya udongo vilivyoletwa kutoka Ninawi. Vibao vile vilitoka katika maktaba ya Ashurbanipali, mfalme wa Ashuru katika karne ya saba kabla ya Kristo. Layard na Rassam walikuwa wamevichimbua, navyo vimevunjika vipande maelfu kwa maelfu. Maandiko yake yana alama mfano wa vichwa vya misumari, wala waliojua kuyasoma hawakuwa wengi.

Wakuu wa Makumbusho wakamwona kijana yule ajaye kila siku. Bwana Rawlinson, mmoja wa wale waliovumbua kusoma maandiko hayo, akamruhusu kufanya kazi chumbani mwake. Mwaka 1866 Smith alitambua katika andiko moja mwaka wa kutawala kwake Shalmanesa ambao Yehu, mfalme wa Israeli, alimpelekea kodi. Mwaka uliofuata akapewa kazi ya kudumu katika Makumbusho, akaiacha kazi ya noti.

Hata mwaka 1872, alipokuwa akivipanga vipande, macho yake yakaangukia kimoja chenye kutaja merikebu iliyokaa juu ya mlima, na njiwa aliyetumwa akarudi kwa kuwa hakupata mahali pa kutua. Yasimuliwa kwamba sehemu ya kigae ilifunikwa na uchafu mgumu, na fundi wa kusafisha hakuwapo, basi Smith akangoja siku kadha kwa mashaka makubwa. Na kiliposafishwa, akiisha kusoma, alirukaruka chumbani akaanza kuvua nguo zake mbele ya watu. Kama ilikuwa hivyo hasa au wasimulizi wameongeza chumvi, furaha yake twaielewa.

Tarehe 3 Desemba 1872 alisoma habari hiyo mbele ya Chama cha Mambo ya Kale ya Biblia, na Gladstone, Waziri Mkuu, alikuwamo kati ya wasikilizaji. Kwa kuwa kigae kilikuwa na pengo, wenye gazeti la Daily Telegraph walitoa gini 1,000 ili Smith aende Ninawi kutafuta yaliyopotea. Watu wote waliocheka wakidhani ni sawa na kutafuta sindano pwani walinyamazishwa. Maana mwezi wa Mei 1873, alipokuwa amechimba muda wa juma moja tu, aliokota kipande chenye mistari 17 ya habari ya gharika. Wenye gazeti wakaridhika, wakamwita arudi. Yeye mwenyewe alitaka kuendelea.

Hapo wakatokea wasomaji wa namna mbili. Wengine walishangilia, wakisema kwamba sasa Musa amethibitishwa na mawe. Wengine walisema kwamba Waebrania waliazima tu kwa Babeli. Mwaka 1902 Friedrich Delitzsch, mwana wa mwalimu mashuhuri wa Kilutheri, alisema mambo ya namna hii ya pili huko Berlin mbele ya Kaisari Wilhelm, na makanisa ya Ujerumani yakachafuka. Mwalimu mmoja wa dini alituuliza siku moja kama si heri kuyanyamazia mambo haya mbele ya wanafunzi. Tulimjibu asinyamaze, bali avisome visa viwili pamoja. Kufanana kupo, tena kwingi: chombo, wanyama, ndege, sadaka mlimani. Lakini katika kigae cha Babeli miungu yaogopa mafuriko iliyoyaleta yenyewe, yajikunyata kama mbwa, kisha yakusanyika juu ya sadaka kama nzi. Na yule aliyeokoka apewa uzima wa milele. Katika kitabu cha Mwanzo Mungu ahuzunika kwa jeuri ya wanadamu, huifanya ahadi, naye Nuhu afa kama watu wote. Atakaye kusema ni kuazima tu na aeleze tofauti hiyo. Naye atakaye kusema ni uthibitisho tu na aeleze kwa nini njiwa amekuwa wa kwanza kule na kunguru wa kwanza huku.

Smith hakuingia sana katika ugomvi ule. Alikwenda Ninawi mara ya pili, na mwaka 1876 akatoa kitabu chake juu ya habari za Mwanzo katika maandiko ya Wakaldayo. Mwaka ule ule alikuwa katika safari ya tatu, amecheleweshwa muda mrefu akingojea ruhusa ya serikali ya Kituruki, hata majira ya joto na maradhi yakamkuta njiani. Aliugua tumbo la kuhara damu, akafa huko Aleppo tarehe 19 Agosti 1876, ana miaka 36. Alimwacha mke na watoto wadogo, nao walipewa pensheni kwa amri ya Malkia.

Kile kipande alichokiokota Ninawi hakikuwa cha kigae kile alichotumwa kukijaza. Wenye elimu waliofuata walitambua kwamba ni cha kisa kingine, kile cha Atrahasisi, chenye gharika nacho. Smith alikufa akidhani ameliziba pengo.