Alfred Sturtevant, mwanafunzi aliyepima umbali wa jeni

Alfred Sturtevant alizaliwa mwaka 1891 katika jimbo la Illinois, Marekani, akakulia Alabama, kule baba yake alikuwa analima. Alipenda farasi wa nyumbani, akawa anaandika ukoo wao: baba nani, mama nani, rangi gani. Mwaka 1908 akaingia Chuo Kikuu cha Columbia, New York, alipokuwa akifundisha kaka yake Edgar. Huyo ndiye alimsukuma aandike mambo ya wale farasi na kuyapeleka kwa profesa Thomas Hunt Morgan. Morgan akamkaribisha katika chumba chake cha nzi, wale wadogo wanaopenda ndizi mbivu. Na huyu kijana alikuwa hatofautishi rangi vizuri!

Wafugaji wa Kanyabayonga wanajua ile shida. Mbuzi anarithi kitu kizuri cha baba, na kibaya kinafuata nyuma. Saa ingine vinaachana. Kwa nini?

Jeni zimepangwa kama shanga kwenye uzi unaoitwa kromosomu. Mwili unapotengeneza mbegu za uzazi, uzi wa baba na ule wa mama vinakatika na kubadilishana vipande. Shanga mbili zikiwa karibu, ni mara chache mkato unaangukia katikati yao. Zikiwa mbali, zinaachana mara nyingi.

Usiku mmoja wa mwaka 1911, baada ya kuongea na Morgan, Sturtevant aliacha kazi za shule, akachukua hesabu za nzi nyumbani. Kama kuachana kunaonyesha umbali, basi ramani inawezekana. Akaichora, ya kwanza duniani; ikachapwa mwaka 1913. Jeni ya mwili wa njano na ya macho meupe ziliachana mara 1 tu kwa 100. Macho meupe na mabawa mafupi, karibu theluthi. Aliona pia kwamba mbali sana hesabu inadanganya: uzi ukikatika mara mbili, shanga zinarudi pamoja. Ndiyo maana kuachana hakupiti nusu.

Hata leo, anayetafuta mbegu ya mahindi isiyoshikwa na ugonjwa, na ile jeni nzuri iko karibu na mbaya, lazima apande mimea mingi sana kabla ya kupata mmoja ulioachana.

Morgan alipata tuzo ya Nobel mwaka 1933, akagawia watoto wa Sturtevant sehemu ya pesa. Sturtevant mwenyewe hakuipata kamwe. Tangu 1928 alifundisha California, na mwaka 1954 alionya hadharani kwamba vumbi la mabomu ya atomiki litaharibu urithi wa vizazi, wakuu wa serikali wakisema hakuna hatari. Alifariki Aprili 1970.