Marehemu Shaaban Robert na Barua Zake

Marehemu Shaaban Robert alizaliwa tarehe 1 Januari 1909 katika kijiji cha Vibambani, karibu na mji wa Tanga. Basi ni mtu wa mkoa wetu, na sisi wa Handeni na Korogwe tuna haki ya kujivunia jina lake. Alisoma shule Dar es Salaam tangu mwaka 1922 hata 1926, miaka minne tu.

Alipotoka shuleni aliingia kazi ya ukarani wa forodha, akadumu nayo hata mwaka 1944. Baadaye alitumika katika idara ya wanyama wa porini, katika ofisi ya wilaya ya Tanga, na katika idara ya upimaji wa ardhi hata mwaka 1960. Vitabu vyake vingi aliviandika huku akiwa karani.

Kimojawapo ni Kusadikika, kilichotoka mwaka 1951. Nchi hiyo imo angani, wala jicho haliwezi kuiona ila kwa fikira. Wajumbe sita walitumwa mbali kutafuta maarifa. Waliporudi nayo walitiwa gerezani. Wahenga walisema mjumbe hauawi, lakini wakubwa wa Kusadikika walikuwa na macho wasione, na masikio wasisikie.

Marehemu alikuwa na wajumbe wake pia, nao ni barua. Tangu mwaka 1931 hata 1958 alimwandikia ndugu yake, Yusuf Ulenge. Siku zile ndugu waliotenganishwa na kazi walitegemea posta. Bwana Ulenge alizisoma, wala hakuzitupa. Mwaka 2002 zilipigwa chapa kuwa kitabu na Taasisi ya Uchunguzi wa Kiswahili ya Chuo Kikuu cha Dar es Salaam. Kwa kitabu hicho twamjua Shaaban Robert si kama mshairi tu, bali kama ndugu wa mtu.

Alifariki mwezi wa Juni 1962, miezi sita baada ya Uhuru wa Tanganyika, akazikwa Vibambani. Barua zake zimeishi miaka mingi baada yake kwa sababu mtu mmoja alizitunza.

Wazazi wetu, huenda katika masanduku ya mababu kule Handeni na Korogwe zimo barua za zamani. Tafadhali msiziwashie moto jikoni. Tupeni sisi watoto tuzisome, tuzinakili na kuziweka. Wajumbe hao nao wasifungwe.

Mungu amrehemu Shaaban Robert. Amina.