Daktari wa jeshi aliyeitambua sumu ya Bari

Jina la Stewart Francis Alexander halijulikani hapa Abuku, wala sokoni Koboko, wala Arua mjini. Hata kwao Marekani lilisahaulika kwa miaka mingi. Lakini kama una ndugu aliyepelekwa Mulago kutibiwa saratani kwa dawa ya dripu, huenda kazi ya mtu huyu imefika nyumbani kwako. Ndiyo maana nasimulia habari zake.

Alizaliwa tarehe 30 Agosti 1914 katika mji mdogo wa Park Ridge, jimbo la New Jersey. Baba yake, Myahudi aliyehamia Marekani kutoka Austria-Hungary, alikuwa daktari wa mji huo, na kijana naye akafuata njia ya mzee. Alimaliza masomo ya udaktari Chuo Kikuu cha Columbia mwaka 1937. Mwaka 1940, Ulaya ikiwa tayari inawaka moto, akajitolea kuingia jeshini.

Wakati huo kila jeshi liliogopa gesi. Vita Vikuu vya Kwanza vilikuwa vimeacha maelfu ya vipofu na wagonjwa wa mapafu, na mwaka 1935 na 1936 Waitaliano walimwaga gesi ya haradali juu ya jirani zetu wa Ethiopia, watu waliokuwa miguu mitupu bila kinga yoyote. Alexander aligundua kuwa askari mwenye miwani hana usalama, kwa kuwa kinyago hakikai sawasawa juu ya miwani. Akabuni miwani inayoenea ndani ya kinyago. Ni jambo dogo, lakini wakubwa wakamwona, wakampeleka Edgewood, Maryland, kwenye kituo cha jeshi cha silaha za kemikali. Kazi yake ilikuwa kujua sumu inaufanya nini mwili na namna ya kumkinga askari.

Mwaka 1942 walimpa sumu mpya ya Wajerumani, haradali yenye naitrojeni, aijaribu kwa sungura. Alipopima damu akakuta chembe nyeupe, zile zinazopigana na maradhi, karibu zimekwisha kabisa, na tezi zimesinyaa. Alirudia majaribio, matokeo yakawa yale yale. Lakini nchi ilikuwa vitani, na wakubwa walitaka kinga, si dawa. Jambo hilo likawekwa kando. Yeye akapelekwa Algiers, makao makuu ya Jenerali Eisenhower, awe mshauri wa uganga wa vita vya kemikali.

Usiku wa tarehe 2 Desemba 1943 ndege za Wajerumani zilishambulia bandari ya Bari, kusini mwa Italia. Meli 17 zilizama. Mojawapo ilikuwa John Harvey ya Marekani, iliyobeba kwa siri mabomu 2,000 ya gesi ya haradali, akiba ya kulipiza kisasi endapo Hitler angeanza kutumia gesi. Wenzangu wafanyabiashara wa Oraba na Vurra mnajua hatari ya lori ambalo makaratasi yake hayasemi kilichomo. Hii ilikuwa meli nzima. Waliojua siri hiyo melini walikufa wote papo hapo.

Sumu ilichanganyika na mafuta yaliyotanda majini. Mabaharia waliookolewa walipelekwa hospitali wameloa mafuta hayo, wakafungwa mablanketi juu ya nguo zao mbichi, wakapewa chai ya moto wapate joto. Hakuna aliyewavua wala kuwaogesha, kwa maana hakuna aliyejua. Kwa hiyo sumu ilikaa mwilini saa nyingi. Kufikia asubuhi macho yamevimba, ngozi imejaa malengelenge, na watu walioonekana wanapata nafuu wakaanza kufa ghafla. Mimi naona hapo ndipo siri ilipoua kuliko bomu. Maji na sabuni usiku ule vingeokoa wengi.

Alexander aliitwa, akafika Bari tarehe 7 Desemba. Alipoingia wodini alisikia harufu kama ya kitunguu saumu, na kwa mtu aliyesomea kazi ile harufu hiyo ni jina kamili. Akawauliza maofisa Waingereza wa bandari, wakakana kuwapo kwa gesi. Hakubishana nao. Alichora ramani ya bandari, akaandika kila marehemu alikuwa meli gani, na vifo vikajikusanya kuizunguka John Harvey. Kisha mzamiaji akatoa majini ganda la bomu lililopasuka. Lilikuwa la Kimarekani.

Hapo angeweza kunyamaza. Churchill mwenyewe alikataa kukubali kuwa ni gesi ya haradali, na kumbukumbu za Waingereza zikaandikwa kuwa ni majeraha ya moto yaliyotokana na adui. Luteni kanali wa miaka 29 hakubadili neno. Taarifa yake ilieleza wagonjwa zaidi ya 600 walioathirika na haradali, na 83 kati yao waliokufa. Raia wa mji hakuna aliyewahesabu sawasawa. Eisenhower aliikubali taarifa, kisha ikafungiwa kama siri.

Ndani ya taarifa ile mlikuwa na jambo la sungura: chembe nyeupe za damu za wale mabaharia nazo zilitoweka. Alexander alihifadhi vipande vya maini, mapafu na tezi, akavituma Edgewood. Mkubwa wake, Kanali Cornelius Rhoads, alielewa maana yake. Saratani nyingine ni chembe nyeupe zinazozaana bila mpaka. Kinachoziua kwa wingi, kikipimwa vizuri, kinaweza kuwa dawa. Madaktari wa Yale nao walikuwa wamejaribu kwa siri kumtibu mgonjwa kwa haradali hiyo mwaka 1942, wakachapisha habari mwaka 1946. Mwaka 1949 dawa ikaruhusiwa rasmi Marekani.

Mwaka 1958 Wajerumani walitengeneza ndugu yake aliye mpole zaidi, siklofosfamaidi. Mwaka huo huo, Kampala, daktari Denis Burkitt aliandika kuhusu uvimbe wa taya unaowashika watoto wa Afrika. Mwenzake Ted Williams wa hospitali ya Kuluva, karibu na Arua, alikuwa na daftari za wagonjwa kama hao, kwa kuwa West Nile ilikuwa na ugonjwa huo kwa wingi. Miaka ya sitini dawa hiyo ilianza kuwapa watoto wale, na uvimbe wa kutisha ukawa unayeyuka kwa siku chache. Ukimbizini, upande wa Zaire, tulikuwa na mtoto darasani aliyevimba taya. Watu wakasema amerogwa. Hakumaliza muhula. Dawa ilikuwapo duniani, lakini sisi tulikuwa ng'ambo ya mpaka na hospitali iliachwa nyuma.

Alexander alipotoka jeshini mwaka 1945, Rhoads alimtaka wafanye utafiti pamoja New York. Akakataa, kwa kuwa alikuwa amemwahidi baba yake kurudi. Alitibu watu wa Park Ridge, akawa bingwa wa moyo, na kuhusu Bari hakusema sana. Jeshi lilimheshimu rasmi mwaka 1988 tu, miaka 45 baada ya shambulio. Alifariki tarehe 6 Desemba 1991, kwa saratani ya ngozi.