Sheikh Amri Abedi: Kutoka msikiti mdogo wa Tabora hadi jina la uwanja wa Arusha

Mechi ikichezwa Arusha, shabiki wa Pasiansi anafungua simu kuangalia matokeo na jina la uwanja linakuja lenyewe: Sheikh Amri Abeid. Wengi wamelisoma mara mia. Ukiwauliza huyo sheikh alikuwa nani, kimya.

Wala hakuwa mwanasoka. Alikuwa mshairi, mhubiri, meya na waziri. Tena alitoka katika jumuiya ndogo ya Kiislamu ambayo Waislamu wenzake wengi hawakutaka kuiona na msikiti wake mjini.

Mtoto wa Ujiji

Kaluta Amri Abedi alizaliwa Ujiji, Kigoma, mwaka 1924. Ujiji ni mji wa zamani wa misafara, penye Uislamu na Kiswahili tangu enzi za biashara ya pembe za ndovu. Mtoto wa pale alikua anasikia mashairi na Kurani kwa pamoja.

Kwa kuwa alikuwa na akili ya darasani, alipelekwa Shule ya Serikali ya Tabora. Ndiyo shule aliyosoma pia Julius Nyerere, miaka hiyohiyo ya mwisho ya 1930 na mwanzo wa 1940.

Tabora ilikuwa njia panda. Reli ya kati ilipita hapo kwenda Kigoma, na tangu mwaka 1928 tawi jingine lilifika Mwanza. Mtu mwenye jambo la kutangaza, akikaa Tabora, habari zake zinasafiri na treni pande zote.

Wageni kutoka India

Mmoja aliyeliona hilo ni Sheikh Mubarak Ahmad, mhubiri wa Jumuiya ya Ahmadiyya, aliyefika Afrika Mashariki kutoka India mwaka 1934. Jumuiya hiyo ilianzishwa mwaka 1889 na Mirza Ghulam Ahmad wa Qadian, Punjab. Wafuasi wake wanaamini kwamba ndiye Masihi na Mahdi aliyeahidiwa.

Waislamu walio wengi wanaikataa imani hiyo, kwa sababu kwao Mtume Muhammad ndiye wa mwisho na hakuna nabii baada yake. Mtaani waliitwa Makadiani, na jina hilo halikuwa la sifa.

Mwaka 1936 wakaanzisha gazeti la Kiswahili, Mapenzi ya Mungu. Hapo ugomvi ukapamba moto. Masheikh wa pwani wakajibu kwa vijitabu, Tabora nako watu wakagawanyika.

Kijana Amri akaingia kwenye mabishano hayo akiwa bado mwanafunzi. Alisikiliza, akauliza maswali, mwisho akajiunga na wale wachache. Kwa mtoto wa Ujiji hilo halikuwa jambo dogo. Ilikuwa ni kutengana kiimani na watu aliokua nao, waliosali naye na kufunga naye.

Msikiti uliojengwa na mateka

Jumuiya ilitaka msikiti wake Tabora. Upinzani ulikuwa mkali, na hata mafundi wa kuujenga ilikuwa kazi kuwapata.

Wakati huo Vita Kuu ya Pili inaendelea, na Waingereza wameleta Tabora mateka wa Kitaliano. Baadhi yao, wenye ujuzi wa uashi, ndio walioujenga. Kwa hiyo msikiti wa Waislamu wachache, waliokataliwa na Waislamu wenzao, ukainuliwa na Wakatoliki waliokuwa kifungoni.

Kijana aliyemaliza Tabora School enzi hizo alikuwa na njia nyeupe ya ajira serikalini. Amri akaamua kuwa mhubiri. Maslahi yalikuwa madogo, ila kulikuwa na kitu ambacho ofisi ya mkoloni isingempa: kazi ya kuandika Kiswahili kila siku, akijua kwamba kila neno atakalokosea, wapinzani watamshika nalo.

Kurani kwa Kiswahili

Kazi kubwa ilikuwa tafsiri ya Kurani. Iliyokuwepo kwa Kiswahili ilikuwa ya Godfrey Dale, padri wa Kianglikana wa Zanzibar, iliyotoka mwaka 1923. Waislamu wengi hawakuwa na imani na Kurani iliyotafsiriwa na padri.

Sheikh Mubarak aliongoza kazi hiyo kwa miaka mingi, na Amri akawa mmoja wa wasaidizi wake wakuu upande wa Kiswahili. Ilichapishwa Nairobi mwaka 1953, Kiarabu na Kiswahili vikienda sambamba, pamoja na maelezo.

Moto ukawaka tena. Sheikh Abdullah Saleh Farsy wa Zanzibar aliandika kuipinga, akisema imepotosha maana. Baadaye akakamilisha tafsiri yake mwenyewe, iliyotoka kamili mwaka 1969 na kuenea katika nyumba nyingi za Waislamu. Ugomvi ule uliwaumiza watu, lakini pia ulisukuma kazi ambayo pengine ingechelewa sana.

Sheria za mashairi

Mwaka 1954 Amri alitoa kitabu chake mwenyewe, Sheria za Kutunga Mashairi na Diwani ya Amri. Alifafanua vina, mizani, beti na kituo, kisha akaweka mashairi yake kama mfano. Kwa mara ya kwanza, mwanafunzi wa bara asiyekaa na malenga wa Lamu au Mombasa aliweza kujifunza utunzi kwa kusoma.

Msimamo wake ulikuwa mkali: bila vina na mizani, hilo siyo shairi. Miaka 20 baadaye akatokea wa kumpinga, tena kutoka huku huku Ziwa Victoria. Euphrase Kezilahabi, mzaliwa wa Ukerewe, alitoa Kichomi mwaka 1974 na kuuachilia ushairi bila vina. Malumbano ya kambi hizo mbili bado yanafundishwa darasani, na kitabu cha Amri ndicho kinachotajwa upande wa kwanza.

Meya na waziri

Baada ya masomo ya dini huko Rabwah, Pakistan, alirudi na kuingia zaidi katika siasa za TANU. Mwaka 1960 akawa Mwafrika wa kwanza kuwa meya wa Dar es Salaam.

Hebu fikiria. Dar es Salaam ni mji wa pwani, wenye Waislamu wengi ambao kwa imani yake wasingekubali kuswali nyuma yake. Lakini kuongoza mji siyo kuongoza swala. TANU ilikataza kuwapima watu kwa dini, na kwa Amri kanuni hiyo ilitekelezwa mbele ya macho ya wote.

Mwaka 1963 Nyerere alimfanya Waziri wa Sheria. Mshairi akakabidhiwa mahakama ambazo sheria zake ziliandikwa kwa Kiingereza, na akahimiza Kiswahili kiingie humo. Mwaka 1964 akahamishiwa Wizara ya Maendeleo ya Jamii na Utamaduni wa Taifa.

Hakukaa sana. Oktoba 1964 alifariki Ujerumani Magharibi. Alikuwa na miaka 40 tu.

Kilichobaki

Jumuiya yake ipo mpaka leo Tanzania, na bado ni ndogo. Tofauti ya imani haijaisha, wala aliyeshika upande wake hajauacha. Pakistan, nchi aliyokwenda kusomea dini, ilibadili katiba mwaka 1974 na kutamka kwamba watu wa jumuiya yake si Waislamu.

Tanzania haikwenda njia hiyo. Jina la mtu wa msikiti ule wa Tabora likapewa uwanja wa Arusha, likiwa na neno Sheikh mbele yake. Kila wikendi linatamkwa na Wasunni, Washia, Wakristo na wasio na dini, na hakuna anayeuliza alikuwa anaswali wapi.